Mfalme Rwabugiri na Mitumbwi ya Kivu

Hapana Mnyarwanda asiyelijua jina la Kigeli wa Nne Rwabugiri. Alitawala zaidi ya miaka 25, akapiga vita pande zote. Lakini sisi tukaao kando ya Ziwa Kivu yatupasa kukumbuka jambo moja: mfalme huyu wa milima na ng'ombe aliwahitaji watu wa ziwa.

Katikati ya ziwa, Kisiwa cha Ijwi kilikuwa na mfalme wake, jina lake Kabego. Mikuki ya Rwabugiri haikuweza kufika huko ila kwa mitumbwi, na wenye kujua mitumbwi, pepo na mawimbi ni wavuvi. Basi alivushwa, Kabego akauawa, Ijwi ikatekwa.

Mwaka 1895 Rwabugiri alifunga safari tena kwenda kupigana na Bushi, ng'ambo ya magharibi. Hakufika. Alikufa ziwani, ndani ya mtumbwi. Baadaye Ijwi ikapata tena mfalme wake.

Sifa za vita humtaja mfalme; mpiga kafi hatajwi. Basi, wenzangu, tuwaonapo wavuvi wa Nkombo wakirudi alfajiri, tuwakumbuke na babu zao.