Mtoto wa Dar aliyecheza filamu za Ujerumani, akafia kambini

Ukitoka Kawetele kuingia Tukuyu mjini, utalikuta boma la enzi za Mjerumani. Maboma kama lile yalilindwa na askari Waafrika. Mtoto wa mmoja wa askari wa jeshi hilo alikuja kuonekana kwenye sinema kote Ujerumani, lakini huku kwetu wachache wanamjua.

Jina lake ni Mahjub bin Adam Mohamed, baadaye Bayume Mohamed Husen. Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904. Vita ya Kwanza ya Dunia ilipoanza 1914, alikuwa na miaka 10 tu. Akaingizwa jeshini pamoja na baba yake, upande wa Mjerumani. Mwaka 1917 alijeruhiwa kwenye mapigano ya Mahiwa, Lindi, kisha akatekwa na Waingereza.

Vita ikaisha, mshahara haukulipwa. Husen akawa anafanya kazi melini, na mwaka 1929 akateremka Ujerumani akaenda Berlin kudai chake na cha baba yake. Akajibiwa kuwa amechelewa, muda wa kudai umepita.

Basi jamaa hakurudi. Akawa mhudumu kwenye jumba kubwa la starehe la Haus Vaterland. Chuo Kikuu cha Berlin nacho kikamchukua kusaidia kufundisha Kiswahili, kwa malipo madogo. Januari 1933 akamuoa mwanamke wa Kizungu. Siku chache baadaye, Hitler akaingia madarakani.

Hapo ndipo maisha yalipobana. Wanazi walimbagua kila mtu mweusi, lakini walizipenda filamu za kusifia makoloni waliyopoteza, na filamu hizo zilihitaji sura za Kiafrika. Husen akapata kazi. Mwaka 1934 alicheza kwenye Die Reiter von Deutsch-Ostafrika, filamu kuhusu vita ileile iliyomjeruhi utotoni. Kufikia 1941 alikuwa ameonekana kwenye filamu zisizopungua 20, mara nyingi kama mtumishi, mbeba mizigo au mtu wa kupita tu nyuma ya mastaa.

Nafasi yake kubwa ilikuwa ya mwisho, kwenye filamu Carl Peters ya mwaka 1941. Staa alikuwa Hans Albers, na Husen alicheza Ramasan, mwenyeji wa kumuongoza Peters njiani. Peters huyo ndiye aliyezunguka Usagara mwaka 1884 akisainisha machifu mikataba ya ulaghai, na wazee wetu walimwita Mkono wa Damu. Filamu ikamfanya shujaa, na mtoto wa Dar akawekwa pembeni yake kama mfuasi mwaminifu.

Na kweli Husen alikuwa amejaribu kuwa mwaminifu. Aliomba nishani ya wapiganaji wa vita, akanyimwa, akajinunulia mwenyewe akaivaa. Mwaka 1939 alijitolea tena kuingia jeshini, akakataliwa.

Mwaka huohuo wa filamu ya Peters, polisi wa siri wa Wanazi walimkamata. Kosa lake lilikuwa uhusiano na mwanamke wa Kijerumani, jambo ambalo kwa mtu mweusi lilihesabiwa kuchafua damu ya Wazungu. Hakufikishwa mahakamani. Alipelekwa moja kwa moja kambi ya mateso ya Sachsenhausen, karibu na Berlin. Alikaa huko miaka mitatu, akafariki Novemba 24, 1944, akiwa na miaka 40.

Mwaka 2007 liliwekwa jiwe dogo lenye jina lake mbele ya nyumba aliyokuwa akiishi Berlin, na mwaka 2013 ikatoka filamu ya maisha yake, Majubs Reise. Safari hii yeye ndiye mhusika mkuu.

Ila ule mshahara alioufuata Berlin, hakuupata mpaka anakufa.