Oumarou Ganda: Kuli wa Abidjan aliyeipa Niger sinema yake

KILA tuzo zinapotolewa katika tamasha la filamu la FESPACO, mjini Ouagadougou, Burkina Faso, jina la Oumarou Ganda hutajwa, kwani tuzo ya anayeongoza filamu yake ya kwanza imepewa jina lake. Ni wachache hapa kwetu wanaojua kwamba mtu huyo aliingia katika sinema kutoka kazi ya ukuli bandarini.

Ganda, wa jamii ya Wazarma, alizaliwa Niamey, Niger, mwaka wa 1935. Akiwa na umri wa miaka 16 tu alijiunga na jeshi la Ufaransa, akapelekwa Indochina, ambako wakoloni hao walikuwa wakipambana na wapigania uhuru wa Vietnam. Alirejea kama walivyorejea wazee wetu wa KAR kutoka Burma: ameona mengi, na kazi hakuna. Akashika njia ya vijana wengi wa Niger, kwenda Abidjan, Cote d'Ivoire, kutafuta riziki.

Huko, katika mtaa wa Treichville, alikutana na Jean Rouch, Mfaransa aliyekuwa akichunguza maisha ya wahamiaji. Rouch alimwajiri kwanza katika kazi ya takwimu, kisha akampa nafasi kuu katika filamu Moi, un Noir ya 1958. Kamera haikunasa sauti. Baadaye Ganda aliketi akatazama picha zake mwenyewe na kuzisemea papo kwa papo, bila maandishi, akijiita Edward G. Robinson, jina la mwigizaji wa Marekani. Alisimulia vibarua, upweke, wanawake, na vita alivyopigana.

Haikuwa jambo dogo. Tangu 1934, amri ya Waziri Laval ilimtaka yeyote anayepiga filamu katika makoloni ya Ufaransa barani Afrika apate kwanza kibali cha serikali, na Waafrika walibaki kutazamwa tu. Filamu hiyo ilituzwa Ufaransa na kumpa Rouch sifa kubwa.

Hata hivyo, Ganda hakuridhika nayo. Sauti ilikuwa yake, lakini aliyechagua nini kionekane alikuwa mwingine. Nadhani hapo ndipo mwigizaji alipogeuka mwongozaji.

Niger ilipata uhuru mwaka wa 1960. Akiwa Niamey, Ganda alijifunza ufundi wa filamu katika kituo cha utamaduni cha Wafaransa na Waniger, na mwaka wa 1968 akatoa Cabascabo. Aliiandika, akaiongoza, na akaigiza mwenyewe nafasi ya askari anayerudi kutoka Indochina na fedha, akazitapanya na marafiki, nao wakamtoroka zilipokwisha. Safari hii wahusika walizungumza Kizarma. Mwaka wa 1969 filamu hiyo ilionyeshwa Cannes.

Le Wazzou polygame, ya 1970, ilimsuta tajiri aliyetoka kuhiji Makka na kutaka kuoa msichana aliyekuwa na mchumba wake. Mwaka wa 1972 ikawa filamu ya kwanza kabisa kushinda tuzo kuu ya FESPACO. Zikafuata Saitane, na L'Exilé ya 1980.

Ganda alifariki Niamey Januari 1, 1981, akiwa na umri wa miaka 45. Kituo kikubwa cha utamaduni jijini humo kiliitwa kwa jina lake.