Maisha ya Dario, Mfalme wa Waajemi

1. Jabali lenye maandishi

Ndugu msomaji, katika nchi ya Iran, upande wa magharibi, kuna mlima unaoitwa Bisotun. Nchi hiyo wazee wetu waliiita Uajemi, na watu wake waliwaita Waajemi. Chini ya mlima ilipita njia kuu ya misafara. Juu kwenye genge, zaidi ya mita 60 kutoka chini, pamechongwa picha ya watu na mistari mingi ya maandishi.

Ukisimama njiani, picha utaiona kwa mbali. Lakini maandishi hutaweza kuyasoma, hata kama lugha yake unaijua. Yako juu mno.

Aliyeamuru yachongwe ni mfalme Dario. Alitawala tangu mwaka wa 522 hadi mwaka wa 486 kabla ya Kristo. Kumbuka kwamba miaka ya kabla ya Kristo huhesabiwa kwa kurudi nyuma. Mwaka wa 522 ulitangulia, mwaka wa 486 ukafuata. Tangu wakati huo imepita miaka 2,500 na zaidi.

Sasa utasoma jinsi mtu ambaye hakuwa mtoto wa mfalme alivyopata kutawala nchi nyingi. Utasoma pia habari za wafanyakazi waliojenga mji wake. Mwisho utaona kwa nini mtu anayejua kusoma inampasa ajue pia kuuliza.

2. Dario anapata utawala

Hapo kwanza Waajemi walikuwa watu wachache, wakulima na wafugaji, kusini mwa Iran. Walitawaliwa na jirani zao, Wamedi. Karibu mwaka wa 550 kabla ya Kristo kiongozi wao Koreshi aliwashinda Wamedi. Mwaka wa 539 aliuteka mji mkubwa wa Babeli. Wanaosoma Biblia wanalijua jina la Koreshi, kwa sababu aliwaruhusu Wayahudi kurudi kwao. Koreshi alikufa mwaka wa 530. Mwanawe, Cambyses, akatawala baada yake, akaiteka nchi ya Misri mwaka wa 525.

Dario alizaliwa karibu na mwaka wa 550. Baba yake aliitwa Hystaspes. Hystaspes alikuwa mtu mkubwa, lakini hakuwa mfalme. Likumbuke neno hili, maana litatusaidia huko mbele. Dario alipokuwa kijana alikwenda Misri pamoja na Cambyses, akiwa askari wa kumlinda mfalme.

Mwaka wa 522 fitina ilizuka nyumbani. Mtu mmoja alikalia kiti cha enzi akisema kwamba yeye ni Bardiya, mdogo wake Cambyses. Cambyses alianza safari ya kurudi, lakini akafa njiani. Ndipo Dario na wakubwa wengine sita wakaingia ngomeni katika nchi ya Wamedi, wakamwua yule mtu. Dario akawa mfalme.

Dario alieleza hivi katika maandishi ya Bisotun: Bardiya wa kweli alikuwa ameuawa kwa siri na kaka yake zamani. Aliyekuwa akitawala ni mdanganyifu, kasisi mmoja jina lake Gaumata.

Hapa, ndugu msomaji, tua kidogo ufikiri. Nani anasema kwamba yule mtu alikuwa mdanganyifu? Ni Dario mwenyewe. Na nani aliyefaidika kwa kifo chake? Ni Dario. Kwa sababu hiyo wataalamu wengi wa historia wana mashaka. Wanadhani huenda aliyeuawa alikuwa Bardiya hasa, mtoto wa Koreshi, na kisa cha Gaumata kilitungwa baadaye. Wengine wanamsadiki Dario. Jambo moja ni hakika: Dario alijua kwamba ukoo wake una upungufu. Alimwoa Atossa, binti wa Koreshi, ili watoto wake wawe wajukuu wa Koreshi.

3. Vita na adhabu

Watu wa nchi nyingi hawakumkubali mfalme mpya. Babeli iliasi. Wamedi waliasi. Hata Waajemi wenyewe waligawanyika, akatokea mtu mwingine aliyesema kwamba yeye ndiye Bardiya, na wengi wakamfuata. Dario anasema kwamba alipigana vita 19 na kukamata wafalme tisa.

Adhabu zake zilikuwa za kutisha. Kiongozi wa Wamedi alikatwa pua, masikio na ulimi, akatobolewa jicho, akafungwa mlangoni pa mfalme ili watu wote wamwone. Kisha akauawa. Mambo hayo Dario hakuyaficha. Yeye mwenyewe aliamuru yaandikwe, ili watu waogope.

Sasa unaweza kuielewa picha ya Bisotun. Mtu mrefu mwenye upinde ni Dario. Amemkanyaga mtu aliyelala chali. Huyo ndiye Gaumata. Mbele yake wamesimama watu tisa, mikono imefungwa nyuma, na kamba moja imewaunganisha shingoni. Ndio wale walioasi.

Maandishi yaliyo karibu na picha yako katika lugha tatu: Kiajemi cha kale, Kielamu na Kibabeli. Dario alijua kwamba watu hawawezi kuyasoma huko juu. Kwa hiyo alipeleka nakala katika nchi zake. Kipande cha nakala moja kimeonekana Babeli. Nakala nyingine, iliyoandikwa kwa Kiaramu, imeonekana katika kisiwa cha Elephantine, kusini mwa Misri. Basi neno la mfalme lilifika Afrika.

4. Kodi, njia na fedha

Baada ya vita Dario alianza kazi ya kutengeneza utawala. Nchi zake zilikuwa nyingi, tangu Mto Indus upande wa mashariki mpaka Misri na ng'ambo yake upande wa magharibi. Herodotus, mwandishi wa Kigiriki, anasema kwamba Dario aligawa nchi hizo katika majimbo 20. Kila jimbo lilikuwa na liwali wake na kodi yake. Waajemi wenyewe hawakulipa kodi hiyo. Mzigo uliwaangukia waliotekwa.

Herodotus anataja pia watu weusi waliokaa kusini mwa Misri. Hao hawakutozwa kodi, bali walitakiwa kuleta zawadi kila baada ya mwaka mmoja kupita. Walileta dhahabu, magogo 200 ya mpingo, pembe 20 kubwa za ndovu, na watoto watano wa kiume. Fikiri juu ya zawadi hiyo. Mtu hatoi mtoto wake kwa hiari.

Kulikuwa na njia kuu kutoka mji wa Susa mpaka Sardis, ambao magofu yake yako katika nchi ya Uturuki. Urefu wake ulikuwa karibu kilometa 2,500. Njiani kulikuwa na vituo 111 vya kupumzikia. Mtu wa miguu alikwenda siku 90. Lakini matarishi wa mfalme walipanda farasi. Kila tarishi alikimbia mpaka kituo chake, akampa mwenzake barua, naye akaendelea, kama watu wa mbio za kupokezana vijiti. Hivyo barua ilifika upesi sana.

Dario alitengeneza fedha ya dhahabu yenye picha ya mfalme ameshika upinde. Uzito wake ulikuwa gramu nane na kidogo. Huko Misri alichimbisha mfereji wa kuunganisha Mto Nile na Bahari ya Sham, akasimamisha mawe yenye maandishi kandokando yake.

5. Watu waliojenga Persepolis

Karibu mwaka wa 518 kabla ya Kristo Dario alianza kujenga mji mpya wa kifalme. Wagiriki waliuita Persepolis. Magofu yake yako karibu na Shiraz, mji ambao jina lake linajulikana sana katika pwani yetu. Mji wenyewe ulijengwa juu ya jukwaa kubwa la mawe. Nguzo ndefu zimesimama hapo mpaka leo. Ukutani zimechongwa picha za watu wa kila nchi wakimletea mfalme zawadi.

Nani walifanya kazi hiyo? Mwaka wa 1933 wachimbaji wa mambo ya kale, chini ya Mjerumani Ernst Herzfeld, walifukua hapo vibao vya udongo maelfu kwa maelfu. Vingi ni vidogo, vya kutosha katika kiganja cha mkono. Vibao hivyo ni hesabu za ghala, kama daftari la bwana stoo. Makarani waliandika nani alipewa shayiri kiasi gani, nani alipewa unga, mvinyo au kondoo.

Katika vibao hivyo tunawaona wachonga mawe, mafundi, wachungaji na wasafiri. Walitoka Misri, Babeli, nchi za Wagiriki na kwingineko. Wanawake walikuwa wengi sana. Baadhi yao walikuwa wasimamizi, wakapata posho kubwa kuliko wanaume wengi. Mwanamke aliyejifungua alipewa posho ya ziada. Lakini aliyezaa mtoto wa kiume alipewa mara mbili ya aliyezaa wa kike. Mama wote wawili walipata uchungu uleule, lakini ghala halikuwahesabu sawa.

Huko Susa pia Dario alijenga nyumba kubwa, akaandika vitu vilikotoka. Mierezi ilitoka Lebanoni. Dhahabu ilitoka Sardis na Baktria. Pembe za ndovu zilitoka India, na pia Kushi, nchi iliyo katika Sudan ya leo.

6. Kushindwa na kufa

Mwaka wa 499 miji ya Wagiriki iliyokuwa pwani ya Asia iliasi. Mji wa Athene ukawasaidia, na Sardis ikachomwa moto. Mwaka wa 494 Waajemi waliushinda mji wa Mileto na kuwahamisha watu wake. Mwaka wa 490 Dario alipeleka jeshi kwa merikebu kuiadhibu Athene. Lakini mahali panapoitwa Marathon Waathene waliwashinda Waajemi na kuwarudisha merikebuni.

Dario alianza kukusanya jeshi kubwa zaidi. Kodi na maandalizi ya vita yalikuwa mazito. Mwaka wa 486 Misri iliasi. Mwaka huohuo, kabla hajaituliza Misri, Dario alikufa. Umri wake ulikuwa kama miaka 64. Alizikwa katika kaburi lililochongwa juu katika jabali la Naqsh-e Rustam, karibu na Persepolis. Mwanawe Xerxes, mjukuu wa Koreshi, akatawala.

Mwaka wa 330 kabla ya Kristo Alexander wa Makedonia aliiteka Persepolis, na majumba ya wafalme yakateketea kwa moto.

7. Mwandiko uliosahauliwa

Baada ya karne nyingi hapakubaki mtu hata mmoja aliyeweza kusoma maandishi ya Dario. Mwandiko wake ni wa alama zinazofanana na kabari, ile ya kupasulia magogo. Wasafiri walipita chini ya Bisotun, wakatazama juu, wakabuni hadithi zao wenyewe. Dario alikuwa ameandika, lakini alikuwa kama bubu.

Mwaka wa 1802 mwalimu Mjerumani, Georg Grotefend, alichukua nakala za maandishi ya Persepolis. Aliona kwamba mfalme mmoja anaitwa mtoto wa mfalme, na mfalme huyo wa pili anaitwa mtoto wa mtu asiye mfalme. Akajiuliza: katika wafalme wa Waajemi, nani alikuwa mfalme na mwanawe mfalme, lakini baba yake si mfalme? Je, wewe unakumbuka? Ni Dario, mtoto wa Hystaspes, baba wa Xerxes. Kwa majina hayo matatu Grotefend alipata herufi za kwanza. Lile lililokuwa upungufu wa Dario likawa ufunguo wa kumsoma.

Baadaye ofisa Mwingereza, Henry Rawlinson, alipanda genge la Bisotun mara nyingi kati ya mwaka wa 1835 na 1847, akanakili maandishi. Palikuwa na sehemu ambayo yeye mwenyewe hakuweza kuifikia. Kijana mmoja Mkurdi aliipanda kwa vigingi na kamba, akakandamiza karatasi zilizolowanishwa juu ya maandishi ili zichukue alama. Kazi hiyo iliwasaidia wataalamu kuusoma mwandiko wa Babeli. Rawlinson alipata sifa kubwa. Jina la kijana halikuandikwa.

8. Neno la mwisho

Dario alitaka tumkumbuke kwa maneno yake mwenyewe. Leo tunayasoma, nayo yana faida. Lakini tunasoma pia vibao vya makarani, ambavyo havikuandikwa kumsifu mtu. Ndani yake tunamwona mama aliyejifungua, fundi aliyetoka mbali, na kipimo cha shayiri alichopewa kila mmoja.

Basi unaposoma andiko lolote, liwe la zamani au la leo, uliza maswali matatu. Nani ameandika? Anataka nini? Na nani hakutajwa? Kisha lifanyie kazi jambo hili kijijini kwenu. Daftari la ghala, hesabu za ushirika, majina ya waliochimba kisima: yaandikeni vizuri na myatunze. Watakaokuja watayasoma.

Maswali ya kujadili darasani

1. Dario alipataje kuwa mfalme?
2. Kwa nini wataalamu wengine hawasadiki kisa cha Gaumata?
3. Nani walilipa kodi, na nani hawakulipa? Unaonaje jambo hilo?
4. Vibao vya udongo vinatueleza nini juu ya wanawake wa Persepolis?
5. Baba yake Dario hakuwa mfalme. Jambo hilo lilimsaidiaje Grotefend?
6. Katika kijiji chenu ni habari gani zinazofaa kuandikwa zisisahauliwe? Nani ataziandika?