Derek Bryceson, Mwingereza aliyekuwa Mtanganyika

Derek Bryceson alizaliwa China mwaka 1922, akarusha ndege za vita za Uingereza, baadaye akaja kulima Kilimanjaro. Yeye alikuwa raia wa Uingereza. Mkulima wa Mbulu, wilaya iliyojumuisha Hanang wakati huo, hakuwa: Tanganyika ilikuwa chini ya udhamini wa Umoja wa Mataifa, hivyo Waingereza walimhesabu mtu wa kulindwa tu.

Oktoba 1961 baadhi ya wabunge walitaka uraia wa Tanganyika uwe wa Waafrika pekee. Nyerere akawaambia wakikataa muswada, serikali itajiuzulu. Ukapita, ila uraia wa nchi mbili haukuruhusiwa. Bryceson akauacha wa Uingereza. Mwaka 1965 wapiga kura wa Dar es Salaam walimchagua mbunge, wakamwacha mgombea Mwafrika. Alifariki mwaka 1980.