Mzee Charles Studd: Alivuka, Hakurudi

Wapendwa wa Kasese, Bwera na ng'ambo ya Mpondwe, tusimsahau Mzee Charles Studd. Alizaliwa Uingereza mwaka 1860, mtoto wa tajiri. Kriketi ilimpa jina kubwa, hata akachezea taifa lake. Lakini Bwana alipomwita, mwaka 1885 akaenda China, na huko akagawa urithi wake. Baadaye akahudumu India.

Mwaka 1913, akiwa na miaka 52 na mwili dhaifu, alipitia Uganda, akavuka Ziwa Albert kuingia Kongo na kijana Alfred Buxton. Mama Priscilla, mgonjwa wa moyo, alibaki kuitafutia misheni msaada. Tangu 1916 mzee hakurudi kwao tena. Mama alimtembelea mara moja tu, 1928, majuma mawili; mwaka uliofuata akafariki.

Studd alikuwa mkali, na wenzake wengine waligombana naye. Ila alitafsiri Agano Jipya kwa Kingwana, kile Kiswahili cha Kongo, watu wapate Neno kwa lugha wanayosikia. Alilala Ibambi, tarehe 16 Julai 1931.

Sisi tunavuka mpaka asubuhi, jioni tuko nyumbani. Wao walilipa gharama. Je, sisi tuko tayari kulipa nini?