Bror von Blixen-Finecke
Bror von Blixen-Finecke (25 Julai 1886 – 4 Machi 1946) alikuwa mwindaji kutoka Uswidi aliyeongoza safari za uwindaji Afrika Mashariki.

Mwaka 1914 alimwoa Karen Dinesen mjini Mombasa. Shamba lao la kahawa karibu na Nairobi halikufanikiwa, nao wakatalikiana mwaka 1925. Riziki yake ikategemea ustadi wake wa kufuata nyayo za tembo kwa miguu.

Baadaye aliishi Singu, karibu na Babati, akisimamia shamba la Richard Cooper. Mwaka 1928 yeye na Denys Finch Hatton walimwongoza Edward, mrithi wa ufalme wa Uingereza, katika uwindaji.

Kitabu chake cha kumbukumbu, Nyama, kilitolewa mwaka 1936. Alifariki kwa ajali ya gari nchini Uswidi.