Maisha ya Jaroslav Hašek (1883–1923)

Jaroslav Hašek alizaliwa jijini Prague tarehe 30 Aprili 1883, wakati Wacheki walipokuwa chini ya himaya ya Austria na Hungaria. Baba yake, aliyekuwa mwalimu, alifariki Hašek akiwa na umri wa miaka 13, na familia ikaishi kwa dhiki. Alipokuwa mhariri wa jarida la wanyama, alifutwa kazi kwa kuandika habari za wanyama aliowabuni mwenyewe. Mnamo 1911 yeye na wenzake walianzisha chama cha siasa cha mzaha ili kuwakejeli wanasiasa.

Mwaka wa 1915, Vita Vikuu vya Kwanza vikiwa vimepamba moto, aliingizwa katika kikosi cha 91 cha jeshi la himaya. Miezi michache baadaye alitekwa na Warusi. Akiwa Urusi, alijiunga na jeshi la Wacheki na Waslovakia, kisha Jeshi Jekundu. Hivyo, alikuwa ameonja amri za majeshi matatu aliporejea Prague mwishoni mwa 1920.

Tajriba hiyo ndiyo iliyozaa riwaya yake kuhusu askari Švejk, ambayo juzuu yake ya kwanza ilitoka 1921. Švejk hapingi amri. Huitii kwa bidii na tabasamu hadi upuuzi wake unajitokeza wazi. Kwa mfano, Luteni Lukáš anataka mbwa. Švejk anapanga na rafiki yake, naye anamwiba mmoja mtaani. Kumbe mbwa ni wa kanali! Kanali anapomtambua, anampeleka luteni vitani. Hapa pana kinaya: mtumishi ametii, bwana ameangamia. Tena, maisha ya binadamu yanaamuliwa na hasira ya mkubwa aliyeibiwa mbwa.

Watahiniwa wengi huishia kusema kwamba mwandishi huyu anachekesha. Jibu hilo halitoshi. Onyesha anayechekwa na sababu yake. Hašek hamdhihaki askari mnyonge. Anaukashifu mfumo unaomtaka mtu atii bila kuhoji, hata anapopelekwa kufa.

Hašek alifariki kijijini Lipnice tarehe 3 Januari 1923, akiwa na umri wa miaka 39. Afya ilipomzidia, alikuwa akisema naye karani akiandika. Riwaya yake haikukamilika: Švejk angali njiani kuelekea vitani, akitii.